Je, Gitaa Lina Dhamira? Uhakiki wa Muziki wa Ala wa Bendi za Roki za Kijapani

UTANGULIZI

Kumekuwa na mjadala wa muda mrefu miongoni mwetu wanafunzi wa fasihi kuhusu uhusiano uliopo baina ya fani na maudhui. Wapo wanaosema kwamba fani ni kikombe na maudhui ni chai: ukishakunywa chai, kikombe unakiweka kando. Wapo wanaosema kwamba ni sura mbili za sarafu moja, na hakuna awezaye kuipasua sarafu akabaki na sura moja mfukoni. Kwenye mtihani karibu sote tunajiandikisha kambi ya sarafu, maana ndiyo yenye maksi. Lakini tukiletewa shairi mezani, jamani, tunafanya kazi ya kikombe. Tunataja dhamira tano, kisha katika aya ya mwisho tunasema mshairi ametumia tashbihi na takriri. Basi.

Katika makala haya nataka kuupima mjadala huo mahali ambapo chai haionekani kabisa. Nitahakiki muziki wa ala wa bendi za roki za Kijapani, yaani muziki unaopigwa kwa magitaa, besi, vinanda na dramu pasipo mwimbaji. Swali langu ni moja: kazi isiyo na hata neno moja inaweza kusema jambo? Nasema inaweza. Tena nasema kwamba anayekataa anaukana na ushairi pia, ila hajajua tu.

Mwenzangu atauliza, kwa nini Japani? Zipo sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba huko muziki wa ala si kitu cha pembeni. Una historia, una mabishano yake, na umewahi hata kupigwa marufuku. Ya pili ni ya nyumbani. Mwaka 1912 mjini Nagoya mtu aitwaye Morita Goro alibuni ala ya nyuzi yenye vibonyezo kama vya taipureta, ikaitwa taishogoto. Ala hiyo ilivuka bahari, na watu wa taarabu wa Mombasa wanaijua vizuri kwa jina la tashkota. Kwa hiyo sisi tulikwisha kuazima nyuzi za Kijapani tukazibebesha mashairi yetu. Ni haki basi tusikilize Wajapani wenyewe wanazifanyia nini nyuzi pale ambapo hakuna shairi la kubeba.

ALA ILIYOMZIDI MWIMBAJI

Tuanze kaskazini. Tsugaru ni eneo la ncha ya kaskazini ya Honshu, kisiwa kikuu cha Japani, nchi ya theluji nyingi na, kwa miaka mingi, ya umaskini. Huko walikuwapo wapigaji vipofu waliokwenda mlango kwa mlango na shamisen, wakipiga ili wapewe chochote. Shamisen ina nyuzi tatu na tumbo lililowambwa ngozi. Kwa umbo si mgeni sana kwa mtu aliyewahi kuona gambusi. Namna ya kuipiga ya Tsugaru ni ya pekee. Mpigaji hushika kibao kipana akachapa uzi na ngozi kwa pigo moja, hivyo ala moja inakuwa ya nyuzi na ngoma papo hapo.

Jambo la kuzingatia ni hili. Mwanzoni shamisen hiyo ilikuwa ya kusindikiza uimbaji. Lakini utangulizi wake, ule wa kumpa mwimbaji nafasi ya kusafisha koo, ulizidi kurefuka. Wapigaji wakashindana humo, kila mmoja akiongeza chake, hata ikazaliwa sanaa ya shamisen peke yake, bila mwimbaji. Takahashi Chikuzan (1910–1998), aliyepoteza karibu uoni wake wote tangu utotoni, alianza kwa kuombea riziki milangoni na akamaliza kama msanii anayejaza kumbi. Msindikizaji alimzidi bwana harusi.

Hebu tulinganishe na taarabu ya Unguja. Pale hafla hufunguliwa kwa bashrafu, kipande cha ala tupu. Wengi wetu wakati wa bashrafu tunafanya nini? Tunasalimiana, tunatafuta viti, tunauliza habari za watoto. Tunangoja maneno. Sisi ni watu wa maneno, sikatai. Lakini kungoja maneno ni jambo moja, na kudhani kwamba kabla ya maneno hakujasemwa kitu ni jambo jingine.

Sasa tumlete Terauchi Takeshi (1939–2021). Gitaa la umeme liliingia kwa vijana wa Japani likiwa na sura ya Kimarekani. The Ventures, bendi ya Marekani iliyojulikana kwa muziki wa ala, ilizuru Japani mwaka 1962 na tena mwaka 1965, na vijana wakashikwa na homa iliyoitwa “eleki”, neno walilolikata kutoka jina la gitaa la umeme. Nadhani kukosekana kwa maneno kulisaidia: kijana wa Osaka hakuhitaji kujua Kiingereza ili aipige “Walk, Don't Run” sebuleni kwao. Wengi waliiga. Terauchi, aliyekuwa akiongoza kundi la Blue Jeans, aliiga kwanza kisha akafanya jambo la pili. Alichukua nyimbo za kienyeji, mojawapo ikiwa “Tsugaru Jongara Bushi”, akazipiga kwa gitaa la umeme.

Msikilize kwa makini. Hapigi lahani ya Tsugaru kwa mkono wa Kimarekani. Anaugonga uzi kwa ukali kiasi kwamba unasikia kwanza pigo, halafu ndiyo sauti, kama vile gitaa nalo limewambwa ngozi. Anarudia noti moja kwa kasi, anaipinda, anaikata ghafla. Sisi tunaosoma lugha tuna jina la jambo hili: ni lafudhi. Gitaa la kigeni linasema kwa lafudhi ya Tsugaru. Na mtu anayeichukua ala ya mgeni akaifanya iseme kwa lafudhi ya kwao amekwisha kutoa hoja kuhusu nani ana haki ya kumiliki kitu gani. Hiyo ni dhamira. Haikuandikwa kwenye ubeti wowote, lakini ipo, na imo ndani ya namna ya kuugonga uzi. Iondoe namna hiyo, dhamira nayo imekwenda. Hapo ndugu zetu wa kikombe na chai watatuambia nini?

Nisimpambe lakini. Mwaka 1967 Terauchi na kundi lake la Bunnys walitoa “Let's Go Unmei”, ambamo Simfonia ya Tano ya Beethoven na kazi nyingine za wakongwe wa Ulaya zinapigwa kwa magitaa ya umeme. Kazi hiyo ilipata tuzo ya upangaji wa muziki katika Tuzo za Rekodi za Japani mwaka huohuo. Inachekesha, inasisimua, na ujasiri wake nauvulia kofia. Hata hivyo, baada ya vipande vitatu vinne mtu anaanza kuona kwamba utani ni uleule. Beethoven anakimbizwa kama utenzi unaokaririwa na mwanafunzi anayewahi chakula cha mchana. Kasi inakuwa ndiyo hoja pekee. Kwa Tsugaru kulikuwa na mgogoro baina ya ala na lafudhi; hapa mara nyingi kuna maonyesho ya vidole tu. Naona tofauti hii ni muhimu, maana inathibitisha kwamba muziki wa ala unaweza kuhakikiwa: inawezekana kusema kazi hii ina uzito na ile ni nyepesi, na kutoa sababu.

MARUFUKU YA MWAKA 1965

Kuna ushahidi mwingine ambao hautoki kwa wapenzi wa muziki, unatoka kwa wapinzani wake. Mwaka 1965, homa ya eleki ikiwa kileleni, mamlaka ya elimu ya mji wa Ashikaga, mkoani Tochigi, iliwakataza wanafunzi gitaa la umeme. Shule za sehemu nyingine zikafuata mkondo huo. Sababu iliyotolewa ilikuwa ni uhuni: gitaa la umeme linaharibu watoto.

Sasa tuulizane. Sehemu kubwa ya muziki wa eleki uliopendwa wakati ule ilikuwa ya ala tupu. Haukuwa na matusi, haukuwa na siasa, haukumtaja mwalimu wala waziri. Kama hauna maudhui, walimu waliogopa nini?

Nimewahi kujibiwa katika mabishano bwenini kwamba walichoogopa ni kelele. Sikubali. Treni zina kelele, viwanda vina kelele, na hakuna mwanafunzi aliyekatazwa kupanda treni. Uhuni ni tafsiri. Mtu mzima amesikia sauti ile kali iliyokuzwa kwa umeme, ameona kijana mmoja anaweza kuijaza nyumba nzima kwa mkono wake, akatafsiri: huyu hataki tena kukaa kimya mezani. Na wala hakutafsiri vibaya sana! Walimu wa Ashikaga walikuwa wahakiki wakali, ila hawakuipenda kazi waliyoihakiki. Wameelewa kabla yetu kwamba ukubwa wa sauti, kwa wenyewe, ni usemi.

Terauchi hakujibu kwa makala gazetini. Kwa miaka mingi alizunguka shule za sekondari akiwapigia wanafunzi. Alikwenda kubishana na walimu kwa ala ileile waliyoikataza.

KEJELI ISIYO NA NENO

Wapo watakaosema: sawa, lafudhi na ukali tumekubali, lakini vitu vya akili kama kejeli vinahitaji lugha. Kejeli ni kusema hivi ukimaanisha vile, usiposema utamaanishaje?

Jibu lipo katika santuri ya kwanza ya Yellow Magic Orchestra ya mwaka 1978. Kundi hili lilikuwa la watu watatu: Hosono Haruomi, Sakamoto Ryuichi na Takahashi Yukihiro, hawa wawili wa mwisho wakiwa wamefariki mwaka mmoja, 2023. Baadhi ya kazi zao zina uimbaji, ninayoizungumzia haina. Inaitwa “Firecracker”, na si utunzi wao. Ni kipande kilichorekodiwa mwaka 1959 na Martin Denny, mpiga piano wa Marekani aliyejipatia jina huko Hawaii kwa muziki wa kuwatamanisha Wamarekani nchi za mbali: marimba, kengele, wanabendi wanaoiga milio ya ndege. Katika “Firecracker” Denny anawachorea wasikilizaji wake Asia isiyokuwapo popote, Asia ya kwenye kadi ya posta.

Hosono na wenzake wanafanya nini? Wanaichukua kadi hiyo, hawaibadilishi lahani, wanaipiga kwa sintesaiza zinazoendeshwa na kompyuta, juu ya mdundo wa disko. Yaani Wajapani wanaipiga ndoto ya Mmarekani kuhusu Asia, kwa mashine, katika miaka ambayo Mmarekani alikuwa ameanza kuiona Japani yenyewe kama nchi ya mashine. Picha moja ya uongo inapigwa ndani ya picha nyingine ya uongo, na wapigaji wameweka nyuso kavu kabisa, hawacheki. Na jina la kundi, uchawi wa manjano, linamkumbusha mzungu rangi aliyowapachika watu wa Asia. Kejeli gani inayozidi hiyo? Kama Hosono angetunga wimbo wenye maneno ya kulalamika kwamba watu wa Magharibi hawatuelewi, tungepata wimbo wa malalamiko na pengine tungeusahau. Kwa kunyamaza, ameiacha lahani ya Denny ijishtaki yenyewe.

Najua hoja itakayoletwa hapa: hayo yote ni muktadha, asiyemjua Denny hasikii kejeli yoyote, anasikia disko. Ni kweli. Lakini asiyejua habari za ukoloni akisoma Kusadikika ya Shaaban Robert anapata nini? Anapata hadithi ya nchi inayoelea angani. Hatusemi kwa hiyo kwamba Kusadikika haina dhamira. Tunamwambia msomaji akajifunze. Kwa nini msikilizaji tumsamehe?

Tena jambo hili lina uzao. Bendi ya Sakerock, iliyoanzishwa mwaka 2000 na Hoshino Gen na wenzake na kuvunjwa mwaka 2015, ilipata jina lake kutoka kipande kingine cha Denny huyohuyo. Vijana wa kizazi cha pili wamejiita kwa ndoto ya mgeni, wakapiga marimba na tromboni kwa ucheshi wao wa mtaani. Kejeli ya Hosono imelainika ikawa utani wa kirafiki. Nako huko kulainika ni historia, na imesimuliwa kwa ala.

JINA LA WIMBO NI NENO

Mpaka hapa nimewatetea. Sasa nigeuke, kwa sababu upo udhaifu ambao muziki wa ala hujaribu kuuficha. Muziki huu hauko bila maneno kabisa: una majina. Na jina linaweza kufanya kazi ambayo wapigaji wameshindwa kuifanya.

Mfano mwepesi kwanza. Mwaka 1987 bendi ya T-Square ilitoa “Truth”, utunzi wa mpiga gitaa wao Andoh Masahiro. Jina maana yake ni ukweli, neno zito linaloweza kutundikwa juu ya chochote. Mwaka huohuo televisheni ya Fuji ilianza kuutumia kufungulia matangazo ya mashindano ya magari ya Formula One, na huo ndio mwaka ambao mashindano ya Japani yalifanyika Suzuka kwa mara ya kwanza. Tangu hapo Wajapani wengi wakisikia “Truth” hawafikirii ukweli, wanasikia injini. Wapokezi walilifuta jina wakaandika lao, na kusema kweli lao linafaa zaidi, maana lahani yenyewe inakimbia mbele bila kutazama nyuma.

Mfano mzito ni Mono, bendi ya Tokyo iliyoundwa mwaka 1999 chini ya mpiga gitaa Goto Takaakira. Santuri yao ya mwaka 2004 inafungwa na kipande kiitwacho “A Thousand Paper Cranes”, korongo elfu moja wa karatasi. Jina linamrejesha Sasaki Sadako, mtoto wa Hiroshima aliyekuwa na umri wa miaka miwili bomu lilipoangushwa mwaka 1945, akafa kwa saratani ya damu mwaka 1955, huku akikunja korongo wa karatasi kitandani hospitalini. Hakuna awezaye kulisoma jina lile akabaki mkavu. Lakini hapo ndipo penye shaka yangu. Lifiche jina, mpigie mtu asiyelijua. Atasikia huzuni, je, atasikia huzuni hii? Sidhani. Mono wana njia yao: wanaanza kwa utulivu, wanarudia lahani fupi, wanaongeza sauti kidogo kidogo hadi magitaa yanapasuka kama dhoruba. Ukishasikiliza vipande vitatu, cha nne unakitabiri. Mwaka 2009, katika “Hymn to the Immortal Wind”, waliambatanisha na hadithi ya kusomwa. Bendi isiyoimba ikaanza kugawa maneno kwa karatasi! Huko nako ni kurudi kwenye kikombe na chai: hadithi upande huu, muziki upande ule.

Hata hivyo sitaki kuwanyima haki yao. Katika kurudia kwao kuna kitu. Kukunja karatasi ni kufanya tendo lilelile, kwa uangalifu uleule, mara elfu moja. Anayesikiliza urudiaji wa Mono kwa subira hiyo, bila kungoja dhoruba, anaweza kuisikia mikono ya mtoto yule. Takriri inakuwa ni tendo, haibaki pambo. Ningependa wangeliamini jambo hilo zaidi ya wanavyoiamini dhoruba.

Wanaoliamini ni toe, bendi nyingine ya Tokyo, iliyoanza mwaka 2000. Santuri yao ya mwaka 2005 ina jina refu, “the book about my idle plot on a vague anxiety”. Mimi katika jina hilo namsikia Akutagawa Ryunosuke, mwandishi wa “Rashomon”, aliyejiua mwaka 1927 na kuacha barua iliyotaja wasiwasi usio na umbo kuhusu maisha yaliyokuwa mbele yake. Sasa sikiliza. Magitaa mawili yanapiga kwa sauti safi, tulivu, yakipokezana vipande vifupi kama watu wawili wanaozungumza sebuleni. Ukiyasikia peke yake utasema nyumba hii ina amani. Lakini chini yake dramu za Kashikura Takashi hazitulii. Zinahamisha mkazo, zinawahi, zinachelewa, zinajaza kila pengo ambalo magitaa yameacha ili yapumue. Uso umetulia na moyo unakwenda mbio. Huo ndio wasiwasi usio na umbo, na hapa jina halifanyi kazi ya wapigaji. Linakuambia tu usikilize wapi. Lifute kesho na wasiwasi utabaki palepale.

HITIMISHO

Kwa ujumla nimejaribu kuonyesha kwamba muziki wa ala wa bendi za Kijapani una maudhui, na kwamba maudhui hayo yanakaa katika mambo yanayotajika na kubishaniwa: namna ya kuugonga uzi, lahani ya nani inapigwa na nani, nini kinarudiwa, na kipi kinatulia wakati kipi kinahangaika. Pale ambapo kazi hutegemea karatasi iliyoambatanishwa, nimesema imepungua, na nimetoa sababu zangu.

Linalonisumbua ni sisi. Tukimpa mwanafunzi mwenzetu shairi, anakimbilia maneno kwa sababu maneno yanatoa ujumbe haraka. Mizani anaihesabu kama karani, vina anavipigia mstari, kisha anaviacha. Haulizi kwa nini mshairi amepumua pale, wala kwa nini kina kimoja kimerudi mara nyingi kiasi cha kuchosha. Masikio yake hayajafanya kazi tangu aingie chuo. Kama hatuwezi kusikia hoja katika dramu za Kashikura, ambako hakuna maneno ya kutupoteza, nina wasiwasi kwamba katika shairi tunasoma nusu tu.

Kwa hiyo natoa pendekezo kwa wenzangu na kwa walimu wetu. Kabla hatujaenda mbali hadi Tokyo, tuichukue bashrafu moja ya Unguja, tuisikilize darasani kwa utulivu kuanzia mwanzo hadi mwisho, kisha kila mmoja aandike kurasa tano: imesema nini, na imesemaje. Atakayeona kwamba haikusema kitu naye aandike, na athibitishe. Uwanja uko wazi.